Vantilateri Nyuma ya Vyuma

Mutu wa Uvira akisikia kama tuna mashine ya baridi ndani ya nyumba hapa Bukavu, anacheka mupaka anashika ukuta. Kwao jua linapika mawe. Kwetu huku juu asubuhi tunavaa majaketi, na mimi mwenyewe nalala na blanketi mbili pamoja na soksi za marehemu bwana yangu. Sasa mashine ya baridi ya nini? Hata mimi niliuliza hivyo siku waliposhusha ile mashine kwenye gari. Nikasema watu hawa wamepata wazimu, kesho watanunua mvua.

Lakini binti yangu anatengeneza gato, zile keki za ndoa, na mutu ambaye hajatengeneza gato ya ndoa hajui krema ni kitu gani. Krema ni kama mukwe mugeni, ukimuudhi kidogo tu anakwenda zake. Chumba cha kazi cha binti yangu zamani kilikuwa garaji. Kiko nyuma ya nyumba, paa yake ni ya manjanja, mabati matupu, hakuna plafo ya kuzuia joto, na furu ya kuokea inawaka mule tangu asubuhi. Wakati wa kiangazi, saa sita ikifika, jua linakaa juu ya yale manjanja kama kuku juu ya mayai. Unaingia mukavu, unatoka umelowa. Na kiangazi ndiyo wakati muji muzima unaoa, sababu mvua hainyeshe na bibi harusi haingize viatu vyake vyeupe ndani ya matope.

Kiangazi kilichopita gato moja iliteremuka. Sisemi ilianguka. Nasema iliteremuka, sababu ndivyo ilivyofanya: orofa ya juu ilikaa juu ya ile ya katikati, ya katikati ikakaa juu ya ile ya chini, pole pole, mbele ya wageni wote, kama wazee wanaojikalisha kwenye kilio. Krema ikatiririka kwenye kitambaa cha meza. Tangu siku ile kwenye soko wakamupa binti yangu jina la Maman Supu. Hawakumuita hivyo usoni. Walimuita nyuma ya mugongo, lakini kwa ile sauti ya mugongo yenye inafika mupaka usoni. Ndoa kubwa zikaenda kwa wengine. Yeye akabaki na vigato vya mbatizo na vya komunyo, vitu vyenye mutu anakula akisimama.

Basi mukwe wangu, bwana ya binti yangu, akaleta mashine. Aliipata Uvira kwa mutu aliyekuwa anahama. Wenye kusoma wanaiita climatiseur, mimi naiita mashine ya baridi. Iko vipande viwili. Kimoja kinatundikwa ukutani ndani ya chumba, hicho ndicho kinapuliza baridi. Kingine kinakaa inje, ni sanduku kubwa la chuma lenye vantilateri mbele, mabawa yanazunguka na kusukuma joto inje. Mujukuu wangu alinieleza kama hakuna mashine yenye inatengeneza baridi. Iko tu inachukua joto chumbani na kuitupa inje, kama takataka. Hapo nilielewa. Kufagia najua.

Mukwe wangu ni fundi wa kuunga vyuma. Ile milango mikubwa ya parsele, ya viwanja vya watu kwenye avenue yetu, yenye maua na ndege wa chuma, mingi imetoka mukononi mwake. Siku moja wezi walivunja atelie yake na kubeba mashine yake ya kazi, ile ya kuungia. Tangu pale anachukia wezi kama mutu anavyochukia kidonda chake mwenyewe. Kwa hiyo sanduku la inje akalijengea gereza. Vyuma vinene, vimeingia ndani ya ukuta, vimepindwa kama mawimbi ya ziwa. Juu ya vyuma akaweka mabati: juu, mbele upande wa barabara ya nyuma, na upande wa jirani, ili mupita njia asijue ndani kuna nini. Upande mumoja tu, wenye kuangalia uwanja wetu, ndio ulibaki vyuma vitupu. Mulango hakuweka. Alifunga vyote kwa moto, akapanguza jasho, akasema mwizi akikuja hapa atalia. Majirani walikuja kutazama. Mimi pia nilitazama. Ilikuwa nzuri kuliko kitanda changu.

Wakati wa mvua mashine ilifanya kazi bila neno. Na ndipo kiangazi hiki mama mumoja wa Nguba akakuja kuomba gato ya ndoa ya binti yake, gato ya orofa nyingi, yenye ngazi na daraja na vinjia vya maua. Alijua habari ya ile iliyoteremuka, hakujificha. Akasema yeye alikula gato ya binti yangu kabla ya watu kuanza kucheka, na ulimi wake unakumbuka. Alipotoka, binti yangu alikaa kwenye kiti cha jikoni akaniambia, "Maman, hii ikianguka, nazima furu. Sitaiwasha tena." Namujua. Si mutu wa kusema kitu ili umubembeleze.

Siku ya ine, ndoa ikiwa kesho kutwa, siku ya posho, mashine ikakufa.

Haikukufa kabisa, na hiyo ndiyo ilikuwa mbaya. Kile kipande cha ndani kiliendelea kupuliza, lakini kilipuliza hewa ya moto, kama pumzi ya mutu mwenye homa. Keki za chini zilikuwa tayari zimepoa, margarini iko ndani ya beseni inangoja kupigwa, na chumba kinapanda joto tu. Fundi mukubwa wa mambo ya frigo, mwenye tulikuwa tunamuita sisi wote, alikuwa Kamituga. Wachimbaji kule wanapenda bia baridi, na frigo za kule zinakufa kila wiki kwa vumbi na kwa kuran mbaya, ule umeme wa kuja na kwenda. Alienda na vyombo vyake vyote.

Binti yangu akampigia simu mutoto wake.

Sasa niseme juu ya huyu mujukuu, na mwenye hapendi kusikia koko akisifu mujukuu wake afunge masikio. Ni mutoto wa kwanza wa binti yangu. Alisoma shule ya ufundi, mambo ya frigo na mashine za baridi, na anafanya kazi na huyo fundi aliyekwenda Kamituga. Ameolewa Panzi, ana mutoto anayenyonya. Ni murefu, anatembea kama mutu anayekwenda kumupiga mwingine kofi, na vidole vyake ni virefu na vyembamba mupaka nikimuangalia akichambua sambaza, vile visamaki vya ziwa, nasahau kula. Hana sauti ndogo. Alipokuwa tumboni mama yake alilala vibaya miezi yote, na alipotoka akaanza kulia kabla ya miguu kutoka. Nilikuwa pale, niliona.

Akafika na pikipiki, mutoto mugongoni, turnevis tatu za kufungulia skurubu ndani ya mufuko wa pagne. Akanikabidhi mutoto kama mutu anavyotundika kofia. Akaingia chumbani, akasimama, hakugusa kitu. Mama yake akaanza kumweleza, akamwambia, "Maman, nyamaza kidogo, nasikia." Kisha akatoka, akaenda kwenye gereza la baba yake, akaweka sikio kwenye vyuma.

Mimi nimefunda watoto wengi, na nawaambia kama kusikiliza si kitu cha masikio tu. Yule mutoto alisikiliza na uso wote. Akasema moteri inaunguruma lakini mabawa hayazunguke. Akavunja kijiti kirefu kwenye fagio langu, fagio jipya, akakipitisha kati ya vyuma, akasukuma bawa moja kidogo. Mabawa yakashika, yakaanza kuzunguka, vuuu, kama hakuna kilichotokea.

Binti yangu akapiga makofi. Akasema basi ni vizuri, tutakaa hapa na kijiti.

"Hapana," mujukuu wangu akasema. "Hii iko na nguvu ya kutembea, lakini haina nguvu ya kusimama kwenye kiti. Kila mara itaomba mukono. Na ikikaa bila kuzunguka, moteri kubwa ya ndani inapata joto, inajizima, na siku moja haitaamuka."

Nikaelewa, sababu ndivyo magoti yangu yalivyo. Nikiamuka nafika sokoni. Shida ni kuamuka.

Akaeleza kama kuna kakopo kadogo ndani ya sanduku, kanaitwa kondansateri, kazi yake ni kuipatia vantilateri ule musukumo wa kwanza. Kako kamechoka. Ni kukatoa na kuweka kengine. Lakini kifuniko cha sanduku kilikuwa nyuma ya vyuma vya baba yake, na baba yake hakuwa nyumbani, na vyuma vile huvifungui na turnevis.

Alizima mashine kwenye ukuta. Hakuridhika. Akaenda kwenye kisanduku cha kuran, akatoa fizibo yenye kupitisha umeme, akakuja kuniwekea mukononi. "Koko, shika hii. Usimupe mutu, hata kama ni maman. Ukiirudisha mimi niko ndani, munanizika kesho." Nikaiweka ndani ya kifua changu, pahali ambapo tangu ujane hakuna mutu ameingiza mukono. Nikamwambia atulie.

Basi akaingiza mukono wake wa kuume kati ya vyuma, mupaka begani, shavu limebanwa kwenye chuma, na mukono wa kushoto ukaingia chini kwenye tundu lingine, hivyo mikono miwili ikakutana ndani bila yeye kuona. Telefone yake niliishika mimi, taa imewaka, na mutoto kwenye mukono mwingine. Alikuwa anafungua vis, zile skurubu za kifuniko, na turnevis kwa kufuata vidole tu, akihesabu kwa kugusa. Vis moja ilianguka, akasema neno ambalo sitalisema. Kifuniko kilifunguka kidogo tu, kama mulango wa mutu mwenye deni. Kipande hicho cha nafasi kikamtosha. Kabla ya kugusa kakopo akaunganisha pembe zake mbili na turnevis yenye mpini wa mupira, ikalia ta, na kamoto ka buluu kakaonekana. Nikauliza kuran imetoka wapi na fizibo iko kifuani mwangu. Akasema kakopo kanaficha kuran hata baada ya kuzima, kama mutoto mwenye anaficha sukari shavuni. Ndiyo maana unamutemesha kwanza.

Akakatoa. Kalikuwa kamevimba kichwa kama mukate. Akaniambia, "Angalia, koko. Hiki kimepikwa." Wakati ule sikushika neno hilo. Yeye mwenyewe alilishika, lakini hakusema mengi.

Akapanda pikipiki mupaka Kadutu, kwa wale wanaouza vyombo vya mashine zilizokufa. Huko unakuta tumbo za televizyo, mioyo ya redio, kila kitu kiko chini kwenye bashi, lile turubai. Mutoto alibaki na mimi, akalia, nikamupa kidole anyonye, akanitazama kama mwizi. Mama yake akarudi na kakopo kutoka ndani ya vantilateri ya mutu mwingine, namba iliyoandikwa juu ni ile ile. Alikataa vingine viwili, muuzaji akamuuliza kama anatafuta kakopo au bwana. Alimujibu kama bwana iko naye, na bwana alikuwa rahisi kumupata kuliko kakopo kazuri Kadutu.

Akaingiza mikono tena, akafunga kwa kugusa, nikamurudishia fizibo ikiwa na joto yangu. Vantilateri ikaanza yenyewe. Jioni ile tulikula kwa amani, na mujukuu akalala kwetu sababu alisema anataka kuona mashine ikipita saa sita ya kesho. Nikafikiri anajidai. Kumbe alikuwa na sababu.

Siku ya tano asubuhi chumba kilikuwa baridi muzuri. Binti yangu akapiga krema, ikasimama kama chokaa. Akapaka orofa za chini, akapandisha za juu, akaanza kupanga maua. Mimi nilikuwa mulangoni, nikamuona anaimba. Ilikuwa muda murefu sijamusikia.

Jua likafika juu ya manjanja. Mara vantilateri ikaanza kuchoka, sauti ikashuka, ikashuka, na kile kipande cha ndani kikaanza tena kupumua moto. Binti yangu akaacha kuimba. Akachukua sahani mbili akaanza kuipepea gato, upande huu na upande huu.

Mujukuu wangu alikuwa amekwisha kwenda inje. Akaweka kiganja kwenye bati la mbele la gereza, akakitoa haraka. Akaniita niguse. Nikagusa. Ungeweza kukaanga yai.

Akanieleza, na mimi nawaeleza kama nilivyosikia. Vantilateri inasukuma joto mbele. Mbele kuna bati. Joto inagonga bati, inarudi nyuma, mashine inaivuta tena. Inakunywa pumzi yake yenyewe, kama mutu mwenye amefunikwa kichwa na blanketi. Kakopo ka kwanza hakakuzeeka, kalipikwa ndani ya gereza lile, na hiki kipya kitapikwa vilevile, labda leo. Wakati wa mvua ilivumilia, sababu inje kulikuwa baridi. Sasa haiwezi. Ni kutoa lile bati la mbele na kukata vyuma vya mbele, ili pumzi itoke. Hakuna dawa ingine.

Kuvikata ni kukata kazi ya baba yake.

Baba yake akakuja kula saa ile ile. Yeye hula kwenye kibaraza cha nyuma, kwenye kivuli, karibu na hilo gereza, na najua anapenda kuliangalia akitafuna. Mujukuu akamwambia, kwa heshima, bila ile sauti yake kubwa, na sikujua kama anayo sauti ingine. Alimueleza joto, bati, pumzi. Baba akamusikiliza mupaka mwisho. Akasema amesikia, lakini hatafungulia wezi nyumba yake kwa ajili ya krema. Watafute njia ingine. Akarudi kwenye bugali yake.

Na hapo hapo, kwenye mulango wa mbele, nani anabisha? Shangazi wa bibi harusi. Ni desturi, familia inatuma mutu kuona gato siku moja kabla, na baada ya mwaka jana sisi ndio tulistahili kuonwa zaidi ya wengine. Mwanamuke mukubwa, pagne tatu, viatu vyenye kulia. Binti yangu akatoka kwenye chumba cha kazi, uso wake umejaa unga wa sukari, akamukaribisha saloni, akamwambia gato inapumuzika kidogo, akamupa chai na mandazi.

Sasa mujue hivi. Kwetu Bushi mama mukwe hapigane maneno na mukwe wake. Ninakula kwake, ninalala kwake, ananiletea dawa ya magoti bila kuombwa, na tangu alipomuoa binti yangu sijamwambia fanya hiki, usifanye hiki. Yeye pia hajaniambia. Tunasalimiana, tunaulizana usingizi, imekwisha. Ni adabu, na adabu hiyo ndiyo inafanya niweze kukaa kwenye nyumba ile. Lakini nilikuwa na mutoto mapajani, na mutoto hana mukwe.

Nikakaa kwenye kibaraza, mbali kidogo, nikamugeuza mutoto aangalie koko yake mwanaume. Nikamwambia mutoto, kwa sauti ya kutosha:

"Mwambie koko yako kama kazi yake ni nzuri. Tangu niko na macho sijaona mutu anapinda chuma vile."

Mukwe wangu akatafuna. Hakuniangalia. Akamwambia mutoto:

"Mwambie koko mukubwa aksanti."

"Mwambie tena, mwizi hajafika bado. Lakini mashine inakufa ndani. Sasa anachunga nini, maiti?"

Akaweka tonge chini. "Mwambie koko mukubwa, mutu mwenye hajaibiwa anaweza kusema maneno tamu."

"Mwambie mimi niliibiwa mbuzi zote kule Nyangezi, usiku mumoja, hata ile yenye mimba. Zenye nilinunua baadaye sikuzifungia ndani ya sanduku. Mbuzi lazima ipumue."

Mutoto akaanza kucheka, sababu watu wakubwa wawili walikuwa wanamusemesha yeye peke yake na wamekunja uso. Mujukuu wangu alikuwa amesimama na mukono kinywani. Nikaona baba yake pia anataka kucheka na anajikataza, basi nikajua nimalize sasa, kabla hajasimama.

"Mwambie koko yako bibi yake alikuwa sasa hivi mule ndani anapepea gato na sahani. Mwizi akibeba mashine, tutasema mwizi ndiye alibeba. Gato ikianguka kesho, tutasema nani aliibeba?"

Mutoto akanyoosha mukono kwenye sahani ya bugali.

Mukwe wangu akasukuma sahani kando. Akanawa mikono. Akasimama, akaenda mupaka kwenye vyuma vyake, akaweka kiganja kwenye lile bati la mbele, na yeye pia akakitoa haraka. Mutu wa vyuma anajua moto kuliko sisi wote. Akageukia binti yake, na akamuuliza, si kama baba:

"Hewa inataka kupita wapi?"

Nimeishi miaka mingi na nimeona mambo ya kutosha, mazuri na mengine. Lakini baba kumuuliza binti yake vile, fundi kwa fundi, akingoja jibu, niliona siku ile tu. Naye mujukuu wangu hakujivuna. Akachukua mukaa akachora ukutani: huku wazi kabisa, hapa vyuma vibaki lakini mbali na mabawa, bati la juu likae kwa ajili ya mvua. Baba akasema vyuma vikiwa mbali hivyo mukono wa mwizi utapita. Binti akasema mukono utapita, lakini sanduku halitapita. Baba akaangalia muchoro, akafikiri, akasema, "Basi naweka na mulango. Na kifungio kizuri. Mukitaka kutengeneza tena, musinivunjie mabega ya mutoto."

Akawasha mashine yake ya kukata chuma. Kelele ikafika mupaka saloni, cheche zikaruka. Shangazi akauliza kama tunavunja nyumba. Binti yangu akamwambia ni bwana yake, anatengeneza mulango, siku zote anatengeneza mulango. Huo si uongo. Nikaingia saloni na mutoto nikae naye, ili binti yangu arudi kwenye gato. Nikamuuliza shangazi kuhusu magonjwa yake. Mwanamuke wa umri ule ukimuuliza magonjwa yake, unapata muda wa kutosha kuchinja ng'ombe. Alianza na tumbo. Alipofika kwenye mugongo, bati la mbele lilikuwa chini. Alipofika kwenye macho, nikasikia vantilateri imebadilisha sauti, imekuwa nyepesi, kama mutu aliyeshusha muzigo.

Sikumukatisha. Nikamuuliza na meno.

Baadaye binti yangu akakuja akasema karibu uone. Shangazi akaingia kwenye kile chumba, akasimama, akavuta pagne ya juu mabegani. Akaizunguka gato yote. Akainama, akaangalia ngazi, akaangalia daraja. Akainua kidole, na nikaona kidole kile kinakwenda kwenye krema, na mujukuu wangu, ambaye mikono yake ilikuwa bado nyeusi kwa mafuta, akakishika njiani. Akakishika kwa upole, lakini akakishika.

"Tantine," akasema, "hii inaguswa kesho na kisu."

Shangazi akamuangalia huyu mutu mwenye masizi usoni. Akauliza huyu ni nani. Binti yangu akasema ni mutoto wake, ndiye anaangalia baridi. Shangazi akatikisa kichwa, akasema hapa ndani mutu anaweza kuchunga nyama isioze, akaenda zake na viatu vyake vikilia.

Mukwe wangu alimaliza mulango kabla ya jua kushuka. Alikuwa amepinda vyuma vipya kufuata vile vya zamani, mawimbi yanafuatana, huwezi kujua wapi alikata. Mujukuu akaufungua, akaufunga, akaufungua tena. Baba yake akasimama nyuma yake na kujifanya anatafuta nyundo.

Posho tulipeleka gato vipande vipande kwenye gari, chini ya nailoni, barabara ikitutikisa, mujukuu wangu amekaa nyuma na mikono miwili kando ya ile ya chini. Wakaijenga tena pale kwenye sale, ule ukumbi wa ndoa. Mimi nilikaa na wamama wa familia, mbele, kwenye kiti cha plastike. Jua liliingia kwa madirisha. Watu waliimba, wazee walitoa shauri, kila mutu alitoa shauri, Mungu wangu, watu wa hapa wakishika mikro. Niliangalia ile gato, sikuangalia wenye kuoana. Haikuinama. Maua yake yalisimama kila moja pahali pake.

Kisu kikaingia. Krema ikakatika safi, ukuta mweupe pande mbili, na watu wakapiga vigelegele.

Binti yangu alikuwa nyuma, karibu na mulango wa jikoni ya sale, pahali ambapo wenye kupika wanasimama ili wasionekane. Nikamuona anakuja akipita kati ya viti, hakujificha, anasalimia watu kulia na kushoto. Akakaa kwenye kiti tupu karibu yangu, akavua viatu, akaegemea bega langu na uzito wake wote.

"Maman," akasema, "niko na njaa."

Nikasimama mimi mwenyewe, na magoti yangu haya, nikaenda kumutafutia sahani.